Ng'ombe wa Kwanza Kwenye Jina la Faili

Juzi kijana mmoja wa hapa Nyamisangura aliniletea flash nimtafutie video ya kipaimara ya dada yake. Nikaichomeka. Nikakuta faili linaitwa "final", lingine "final mpya", lingine "final ya ukweli", na la mwisho "usifute hii". Nikamuuliza, sasa ya dada yako ni ipi? Akajibu, "Mama, ndiyo maana nimekuja kwako." Nilicheka, halafu nikakasirika, halafu nikamwambia akae chini. Na wewe unayesoma hapa kaa pia, kwa sababu flash yako naijua bila kuifungua.

Mimi nimepiga video na kuzihariri hapa Tarime tangu enzi za kanda mpaka hizi kadi ndogo ambazo moja ikianguka kwenye nyasi ndiyo umeshaipoteza hivyo. Macho yameniambia inatosha, magoti nayo yakaunga mkono. Kamera nimemwachia binti yangu, lakini watu bado wananiita Mama Kamera, na kila aliyepoteza kitu kwenye kompyuta anajua mlango wangu ulipo.

Kazi nilifundishwa na Fundi Shabani. Alikuja huku kutoka Tanga akiwa fundi redio, akafungua studio ndogo karibu na msikiti, akakaa mpaka mvi zikamjaa. Alikuwa mtu wa maneno laini. Mimi nilipokuwa namwambia mteja "Kaa pale", yeye alikuwa ananivuta pembeni ananiambia, "Binti, mwambie karibu uketi. Nyie wa bara mnaongea kama mnafukuza mbuzi." Namjibu kwamba mbuzi wetu wanaelewa. Tulitaniana hivyo miaka yote na kazi ikaenda.

Siku za mwanzo Fundi aliandika majina ya mafaili kama walivyofanya kwao: jina la bwana harusi, basi. Kule labda inatosha. Huku kwetu ukiita "Chacha" sokoni wanageuka nusu ya soko, na nusu nyingine wanamgeukia Marwa. Siku moja tulimpa Chacha Marwa mmoja harusi yake ndani ya flash, akaondoka nayo mpaka kwake, akaalika wakwe na majirani, akawasha televisheni. Akatokea bwana harusi mwingine kabisa, Chacha Marwa wa upande wa Sirari, na bibi harusi mwingine kabisa. Mama mkwe akauliza kwa upole, "Mwanangu, huyu mwanamke ni nani?" Yule bwana alirudi studio kesho yake uso umevimba, na sikuuliza nani alimvimbisha.

Fundi hakulala vizuri kwa jambo lile. Akaanza kuongeza jina la mama mwenye nyumba, kwa sababu aliona huku kwetu mji wa mume mmoja una nyumba kadhaa za wake zake na kila mtoto anajulikana kwa nyumba ya mama yake. Ikasaidia kidogo. Ila kina Bhoke, kina Ghati, kina Robhi nao ni wengi. Kuhusu mwaka, wateja wetu walikuwa wanasema "mwaka ule wa mvua nyingi", na kila mtu ana mvua yake.

Ndipo akagundua kitu ambacho mimi Mkurya nilikuwa nakiona kila Jumamosi bila kukiona. Tulikuwa tunapiga mahari, ng'ombe wanaingizwa nyumbani kwa bibi harusi, wazee wamesimama wanawakagua mmoja mmoja. Mzee mmoja akaanza kusimulia mahari ya dada yake, mambo ya kabla hujazaliwa, akataja yule ng'ombe aliyetangulia: rangi yake, doa lake, jinsi alivyogoma mtoni. Mwaka hakuujua. Ng'ombe alimjua kama jirani. Fundi akanishika mkono akasema, "Binti, hawa watu hawasahau ng'ombe." Kuanzia wiki ile majina ya mafaili yetu yakawa hivi: nyumba ya mama wa bwana harusi, kistari cha chini, ng'ombe wa kwanza kuingia, kistari cha chini, namba ya sehemu. Bhoke_MweusiMkia_1. Ghati_Madoa_3. Mteja akija tunamuuliza maswali mawili tu, anajibu hata kabla hajakaa.

Nawaambia haya ili muelewe kwamba jina la faili linaandikwa kwa ajili ya mtu atakayekuja kulitafuta. Wewe unayeliandika leo unakumbuka kila kitu. Yeye atakuja akiwa amechoka, pengine analia, na hajui neno ulilowaza siku ile.

Hata hizi muvi mnazogawiana kwenye flash zina utaratibu wake, ila mnausoma juu juu. Likianza jina la muvi, utaona nukta nukta badala ya nafasi, hiyo ni desturi tu. Kisha mwaka, ili usichukue ya zamani yenye jina hilo hilo. Ukiona S na namba halafu E na namba, huo ni msimu na kipande, kwa hiyo usije hapa unalalamika kwamba hadithi haieleweki wakati umeanza na E ya saba. Namba kama 720 au 1080 ni ukubwa wa picha, na kwa kioo cha simu yako hutaona tofauti, utamaliza nafasi tu. Ukikuta neno CAM, iache, hiyo imeibiwa kwa kamera ndani ya ukumbi, utaangalia visogo vya watu na mmoja akienda chooni. Maneno ya tafsiri yanakuja kwenye faili dogo la pembeni, na hilo lazima libebe jina lile lile la video mpaka herufi ya mwisho, la sivyo havitajuana. Na zile herufi za mwisho baada ya nukta, mp4 au mkv, usiziguse. Kijana wangu mmoja wa kazi alizifuta zote siku moja akasema anasafisha. Kompyuta ikawa inatuangalia tu.

Lakini jina ambalo limewahi kunitoa jasho ni lile la watsapu.

Alikuja kwangu mwanamke anaitwa Wegesa, ametoka Machochwe, kule pembeni ya hifadhi. Alifika asubuhi na basi la kutoka Mugumu, mtoto mgongoni na mwingine kamshika mkono. Akaamkia shikamoo, akakaa. Nikampa chai. Alipomaliza kikombe ndipo akasema, "Mama, wanataka kunitoa kwenye nyumba."

Kwa mgeni wa mambo yetu nieleze. Huku mwanamke ambaye hakujaliwa mtoto wa kiume anaweza kutoa ng'ombe akamwoa msichana, ili huyo msichana azae watoto wa nyumba yake na nyumba isifungwe. Tunaita nyumba ntobhu. Wapo wanaoitetea na wapo waliolia kwa ajili yake, na nimewapiga video wote. Wegesa alikuwa ameolewa hivyo na mama mmoja mjane, Bhoke. Walilima pamoja, wakazika pamoja kwenye misiba ya pande zote mbili. Bhoke alikuwa amefariki miezi michache nyuma.

Sasa Marwa, mtoto wa kaka yake marehemu mume wa Bhoke, alikuwa anasema hakukuwa na ndoa. Kwamba Wegesa alikuwa msichana wa kazi tu, na mahari haikutoka. Ikiwa hivyo, shamba na mji ni vya Marwa, na Wegesa arudi kwao na watoto wake. Wazee wa ukoo walikuwa wamepanga kikao siku ya pili yake. Mzee aliyekuwa msemaji wa mahari alishakufa, na baba yake Wegesa pia.

"Una nini mkononi?" nikamuuliza. Akatoa simu. Alikuwa na kivideo kifupi alichotumiwa na rafiki baada ya msiba: vumbi, wanawake wanacheza, basi. Jina lake lilikuwa VID, kistari, tarehe, kistari, WA na namba. Na ile tarehe ilikuwa ya baada ya Bhoke kuzikwa. Marwa alikuwa ameshaiona. Alikuwa amewaambia wazee, "Someni wenyewe. Siku hii mama tulishamzika. Hii ni sherehe ya watu wengine."

Hapo nisikilizeni vizuri. Simu ikipiga video yenyewe, inaandika VID na kistari cha chini, kisha tarehe na saa ya kupigwa. Hiyo ndiyo siku ya kuzaliwa. Ukiona kistari cha kawaida na herufi WA, hiyo video imesafiri, na tarehe unayoisoma ni siku iliyofika kwenye simu hiyo. Ikitumwa kesho kwa mwingine, kwake itakuwa na tarehe ya kesho. Watu wamegombana, wameachana na wameshtakiana kwa kutojua hivyo vistari viwili.

Nikamweleza Wegesa. Akauliza swali la maana: "Basi ya kuzaliwa iko wapi?"

Kama ilikuwepo, ilikuwa kwenye diski za Fundi, maana ni Fundi aliyeenda kupiga siku ile, mimi nilikuwa Mugumu kwenye mahafali. Fundi mwenyewe alisharudi Tanga kuzeeka na ndugu zake, akaniachia diski zote. Nikakaa. Nikatafuta Bhoke. Wakatoka kina Bhoke wengi, tukawafungua mmoja mmoja, Wegesa ameinama begani kwangu anasema, "Siye. Siye. Siye." Tarehe za kwenye kompyuta zilikuwa hazifai, kwa sababu diski ile iliwahi kuharibika na fundi kompyuta akahamisha kila kitu kwa mkupuo, mafaili yote yakavaa tarehe ya siku ya kuhama.

Nikampigia Fundi. Akapokea, akanisalimia mpaka salamu ikaisha, ndiyo desturi yake. Nikamweleza. Akacheka kile kicheko chake cha aibu.

"Binti, siku ile naikumbuka sana. Mimi kanuni yangu ni nyumba ya mama wa bwana harusi. Nikafika pale nikauliza bwana harusi ni nani, wakanionyesha mama. Nikauliza mama wa bwana harusi ni nani, wakanionyesha yule yule. Nikaona nisimvunjie heshima kwa kuandika upuuzi. Pale pa nyumba nikapaacha, nikaandika ng'ombe peke yake."

"Ng'ombe gani, Fundi?"

"Ah, we. Mimi mtu wa nazi nitamkumbuka ng'ombe?"

Nikamgeukia Wegesa, ng'ombe wa kwanza alikuwa vipi? Akanitazama kana kwamba nimemuuliza mambo ya mwezini. Bibi harusi wakati wa kukagua ng'ombe yuko ndani, mlango umefungwa, shangazi wamemzunguka. Aliwasikia wakilia tu. Na diski ilikuwa na majina ya ng'ombe peke yake chungu nzima, kwa sababu Fundi kila alipochanganyikiwa alifanya vile vile. Tungefungua mojamoja, kikao kingeisha na mavuno pia.

"Nani aliwaswaga wale ng'ombe kutoka Machochwe?" nikamuuliza.

Wegesa alifuta uso kwa kanga. "Marwa," akasema. "Marwa na vijana wengine, ila wengine wako migodini, hawapatikani. Marwa ndiye alikuwa mbele."

Nilimuonea huruma. Tukafunga diski na laptop kwenye kitambaa, tukaondoka.

Kikao kilikaa kwenye uwanja wa Bhoke. Wazee kwenye viti, mwenyekiti wa kijiji pembeni, wanawake upande wa jiko. Marwa nilikuwa nimemfikiria mtu mkali, nikakuta mwanamume mwembamba aliyechoka, shati limefuliwa mpaka limepauka. Aliniamkia vizuri. Baadaye niliambiwa ndiye aliyechimba kaburi la Bhoke kwa mikono yake, na ana watoto wengi kwenye kipande kidogo cha ardhi ambacho tembo wanakitembelea kila msimu. Sikuweza kumchukia, na nilikuwa nimejiandaa.

Nikawaeleza wazee habari ya kistari na WA. Mmoja akatoa simu yake, tukamtumia video ile ile pale pale, akasoma jina, akaona limevaa tarehe ya siku ile ile tuliyokaa. Wakatikisa vichwa. Marwa akasema, kwa haki kabisa, "Sawa. Tarehe nimeiondoa. Lakini hapo ndani kuna wanawake wanacheza tu. Bhoke simwoni, ng'ombe siwaoni." Na kweli hawakuwemo.

Basi nikaamua kusema ukweli wote, maana sikuwa na ujanja mwingine na sikuutaka. Nikamwambia, "Mwanangu, video nzima ninayo humu ndani ya diski. Ila jina lake ni ng'ombe aliyetangulia, na simjui. Wegesa hamjui, alikuwa ndani. Aliyepiga hamkumbuki. Wewe ndiye uliyekuwa mbele. Kama hakukuwa na ng'ombe, sema hakukuwa na ng'ombe, nifunge laptop nirudi Tarime. Kama alikuwepo, niambie alikuwaje."

Mwenyekiti alitaka kuongea, mzee mmoja akamzuia kwa mkono. Wegesa alikuwa amemtazama Marwa, hakuwa amekasirika, alikuwa anaomba. Laptop ilikuwa inakula chaji na mimi sikuthubutu kuisogeza.

Marwa alitazama zizi la Bhoke, ambalo lilikuwa na ng'ombe wachache. Akatazama chini. Mimi naapa nilikuwa naona shamba linapita machoni pake, na watoto wake, na yale mahindi waliyoyakanyaga tembo. Angeweza kusema tu hapana. Hakuna mtu pale angemkamata.

Akainama, akapandisha mguu wa suruali. Chini ya goti kulikuwa na kovu refu, jeusi.

"Mwekundu," akasema. "Pembe moja ilikuwa imevunjika. Alinipiga teke hapa wakati wa kuvuka mto. Bhoke alinifunga kwa kanga yake."

Nikaandika "pembe". Likatoka moja tu: MwekunduPembeMoja, sehemu ya kwanza na ya pili. Nikalifungua, wazee wakasogea na viti vyao.

Marwa alikuwemo, kijana, anachechemea, kanga imefungwa mguuni, fimbo mkononi, anajigamba mbele ya kamera ya Fundi kama amemleta simba. Nyuma yake ng'ombe wanaingia. Na pembeni Bhoke, amesimama wima katika gauni la buluu, anawahesabu kwa kidole. Fundi anasikika akiuliza kwa Kiswahili chake laini, "Mama, hawa wanaenda kwa nani?" Naye anajibu, "Wanaleta mke wa nyumba yangu. Na huyu mwanangu Marwa ndiye amewafikisha." Marwa kijana anacheka, anaona haya, anaficha uso.

Marwa wa kwenye kiti alikuwa hacheki. Alikuwa analia, wazi wazi, mbele ya wazee, na hakuna aliyemcheka. Wegesa alitoka upande wa jiko akaja akakaa chini karibu na kiti chake. Akasema, "Shemeji, lile shamba la mtoni tulikuwa tunalima wote na mama. Tutaendelea kulima wote." Wazee hawakuwa na mengi ya kuamua baada ya hapo. Waliamua hivyo hivyo, mwenyekiti akaandika.

Nilipokuwa nakunja waya, Marwa akaja na flash. Alitaka nakala. Nikamwambia nitampa, ila hilo jina la ng'ombe peke yake linawapoteza watu, wameona wenyewe, nalibadilisha pale pale kwenye diski na kwenye nakala zote. Fundi aliacha nafasi ya nyumba wazi kwa kukosa la kuandika. Nikaweka mshale mwanzoni mwa jina, nikamuuliza, "Hapa niandike nyumba ya nani?"

Hakufikiri. "Andika nyumba ya Wegesa," akasema.